Kamera ikifuata anayeanza kazi, alipwe na apewe nakala ya fomu

Kwako Mhariri,

Nimesoma barua ya yule msomaji wenu anayewahimiza vijana wasikatae kamera hata siku moja, ati ukiitwa kwa kipindi cha TV wewe nenda mbio hata kama hakuna hela, kwa maana kuonekana peke yake ni mtaji. Sitaki kugombana na yeye. Pengine alionekana na akafaidika, Mungu ambariki. Lakini hiyo hesabu yake ameipiga upande mmoja tu na mimi nilikuwa ule upande mwingine, kwa hivyo naomba nafasi kidogo, na mnisamehe nikirefusha.

Naongelea vile vipindi ambavyo hakuna muigizaji, hakuna skripti (ndivyo wanavyosema), unatokea kama wewe mwenyewe, jina lako na kazi yako vinaandikwa chini ya skrini halafu kamera inakufuata kazini, kwa matatu, sokoni, mpaka nyumbani kwa mama. Nairobi imejaa vipindi hivyo na sishangai, drama ni gharama, lazima ulipe waigizaji na ujenge seti, na steisheni zimekuwa nyingi tangu tuhamie dijitali 2015 na zote zinatafuta kitu cha kuonyesha. Mnajua vile huanza, drone juu ya KICC, matatu inapiga honi, jua linachomoza, mtu mwenye sauti nzito anatuambia Nairobi hailali. Sawa, tumesikia.

Sasa, mtu mwenye jina kufuatwa na kamera na mtu anayeanza kufuatwa na kamera si kitu kimoja hata kidogo. Bendi ya Sauti Sol walipofanya kipindi chao cha Sol Family kule Showmax 2022 walikuwa wameimba zaidi ya miaka kumi, mashabiki wako nao, tuzo wako nazo, na wanajua kukaa mezani wajadili mkataba. Ungechukia episodi moja na bado Ijumaa ungecheza nyimbo zao. Lakini msichana wa miaka 22 aliyetoka koleji juzi hana kingine chochote ambacho watu wanamjulia. Ile episodi ndiyo CV yake. Mtu akiandika jina lake kwa Google inatokea hiyo kwanza, na kama ilimwonyesha vibaya hana albamu wala tuzo ya kumtetea, ako na ile dakika moja tu aliyochaguliwa na mtu mwingine.

Mimi ni mpishi. Nilikuwa nimeajiriwa jikoni kwa hoteli moja huko Westlands, kazi ya chini kabisa, kumenya na kukatakata na kuosha masufuria, ndipo watu wa kipindi wakaja wakitafuta vijana wanaoanza kazi tofauti tofauti, kulikuwa na fundi wa friji, mwanamitindo, kinyozi, na mimi. Fomu ilikuwa ya Kiingereza, kurasa kadhaa za maandishi madogo, nikaisoma yote kwa sababu mimi husoma, na kuna mahali palisema wanaweza kutumia picha yangu na sauti yangu kwa njia yoyote, popote duniani, milele. Nikauliza milele ni mpaka lini. Produsa akacheka, akasema hiyo ni lugha ya mawakili tu, kila mtu husaini. Nikaomba nakala, nikaambiwa itakuja kwa imeili. Mpaka leo naingoja. Na meneja wa hoteli alikuwa ashakubali kitambo kwa sababu anataka hoteli ionekane, sasa wewe mtu wa kumenya viazi utasimama useme nini?

Watu wengi hawajui vile hii kitu hutengenezwa, wacha niwaambie. Asubuhi unafungwa maiki, kadude kadogo kanabandikwa na plasta ndani ya nguo, waya unapitia mgongoni na kisanduku kinakaa kiunoni, ukiinama kutoa treyi kwa oveni kinakudunga. Mtu wa sauti anasikia kila kitu, ukienda choo anasikia, ukisengenya bosi anasikia (wetu alikuwa na heshima zake, alikuwa ananiambia, dada, hapo zima kwanza). Unaingia jikoni, unaambiwa rudi nje uingie tena, jifanye hujatuona. Unakata kitunguu, unaambiwa taa haikuwa sawa, rudia, na kitunguu kikishakatwa kimekatwa, kwa hivyo ni kingine, na kingine, mpaka chef mkuu anauliza hivi vitunguu vyote vinalipwa na nani. Kuna siku mtu wa sauti alitaka jikoni nzima inyamaze arekodi ule ukimya wa chumba, hiyo ni kawaida yao, wanauhitaji wakiunganisha sauti baadaye, sasa friza ndiyo ile inanguruma, akaomba izimwe kidogo tu, na ndani kuna samaki wa wageni wa jioni. Chef alimwangalia kama mtu amemtukania mama. Friza haikuzimwa.

Halafu kuna yale mahojiano ya kukalishwa kwa kiti peke yako. Unaulizwa swali lakini sauti ya anayeuliza itatolewa, kwa hivyo unaambiwa ulirudie swali ndani ya jibu. Ukiulizwa ulihisi nini, unasema nilihisi hivi na hivi. Hapo ndipo hatari iko, kuliko hata jikoni, kwa sababu sentensi ya kuelea kama niliogopa sana, nilijua nimefutwa, ikishatoka mdomoni inaweza kuwekwa juu ya picha yoyote ile watakayo.

Yangu iliwekwa hivi. Mwenzangu alikuwa amepika supu, nikaonja, nikamwambia hii imezidi chumvi kidogo, ongeza maji. Basi, tukaendelea na kazi. Kwa TV hiyo supu ikawa yangu. Unaniona na kijiko mdomoni, unasikia sauti yangu inasema hii imezidi chumvi, kamera inamgeukia chef mkuu amekunja uso kama amemeza dawa ya minyoo, halafu niko kwa kile kiti nasema niliogopa sana, nilijua nimefutwa. Chef alikunja uso siku tofauti kabisa, moshi wa nyama ulikuwa umemwingia machoni, ukitazama vizuri hata aproni ni nyingine. Na maneno ya kufutwa nilikuwa naongelea asubuhi moja ya mvua niliyochelewa kwa sababu ya jam ya Waiyaki Way. Wakashona hayo yote yakawa kitu kimoja, wakaweka na kinanda cha huzuni juu.

Nikaitwa Madam Chumvi. Utacheka, hata mimi siku hizi nacheka, lakini fikiria mpishi anayetafuta kazi na hilo ndilo jina lake. Makanga wa hapa Umoja walikuwa wananiita hivyo wakijaza gari, Madam Chumvi twende tao. Nilipoanza kupika kwa harusi na ruracio (sherehe za mahari) kuna familia tulikuwa tumeshakubaliana bei, tumeongea hadi sufuria za pilau zitakuwa ngapi, shangazi mmoja akauliza kwani huyu si ndiye yule wa TV, na kazi ikaenda kwa mwingine. Klipu yenyewe ilikatwa ikatupwa YouTube, iko huko bado, inatazamwa na watu ambao hata hawajui kipindi kiliitwaje, na matangazo yanapita juu yake. Senti ya hayo matangazo sijawahi kuiona.

Sisemi waliokata ile kanda ni watu wabaya. Ukirekodi masaa na masaa na kipindi chenyewe ni dakika 20 na kitu ukitoa matangazo, lazima ukate, na anayekata ameambiwa alete drama, asipoipata ataitengeneza maana kipindi kinaenda hewani kesho. Yeye hanijui. Kwake mimi ni sura kwa kompyuta. Ndiyo maana nasema shida haiko kwa roho za watu, iko kwa ile fomu.

Na msidhani ni Nairobi peke yake. Waingereza walianza 1964 na kile kipindi cha steisheni ya Granada kinaitwa Seven Up!, watoto 14 wa miaka saba walihojiwa, halafu kila baada ya miaka saba kamera inarudi kuona wamefika wapi. Kinasifiwa sana na kinastahili. Lakini kulikuwa na mmoja anaitwa Peter, kwa ile ya miaka 28 alikuwa mwalimu kijana, akaongea vikali juu ya serikali ya Margaret Thatcher, ikaonyeshwa 1984 na magazeti ya huko yakamrukia. Akaacha kipindi. Ualimu pia akauacha, akaingia mambo ya sheria. Alirudi 2012 na akasema peupe kwamba amerudi ili bendi yake ijulikane, huyo nampenda sana, alikuja akijua anataka nini. Mwingine, Charles, alikataa kuendelea baada ya ile ya miaka 21, na yeye ndiye alikuja kufanya kazi ya kutengeneza dokumentari! Aliyejua jikoni kunapikwa nini ndiye alikataa kula. Tena angalia Michael Apted, 1964 alikuwa mtafiti kijana tu wa kutafuta hao watoto, kuanzia cha pili akawa ndiye anayeongoza, na kufika 1999 anaongoza filamu ya James Bond. Kwa yule wa nyuma ya kamera hiyo ilikuwa ngazi ya kazi, hakuna anayebishana. Mimi nauliza tu wa mbele wanapanda kwa ngazi gani.

Najua kuna mtu atauliza, na Tusker Project Fame, yale mashindano ya kuimba ya TV, je? Kweli, 2006 Valerie Kimani aliingia watu hawamjui akatoka mshindi, na mimi nilikuwa shabiki wa kufa, nyumbani tulikuwa tunabishana juu ya majaji mpaka mama anazima TV. Lakini yale yalikuwa mashindano, kuna zawadi, kuna sheria, unajua umeendea nini. Na hata hivyo hebu niambie ni nani alitolewa wa kwanza mwaka huo. Wale tunawakumbuka ndio tunawatolea mfano, waliobaki hatuwahesabu. Au chukua Shamba Shape Up iliyoanza 2012, mkulima anatokea kama mkulima, lakini kamera ikiondoka banda limerekebishwa na ameonyeshwa kutunza ng'ombe wake, amebaki na kitu. Hiyo siwezi kuilaumu.

Kuna nchi ambako hili jambo lilishafika kortini. Ufaransa, Juni 2009, mahakama yao ya mwisho ya rufaa iliamua kwamba washiriki wa kipindi cha L'Île de la tentation walikuwa wafanyakazi wenye mkataba wa ajira, hata kama karatasi waliyosaini ilisema vingine, kwa sababu walikuwa wanafuata maagizo ya produsa, mahali pa produsa, saa za produsa, kutengeneza kitu cha kuuzwa. Na hao walikuwa wanakaa kisiwani kutongozana! Sasa sisi tuliokuwa tunakata vitunguu kweli kweli tutaitwaje? Marekani nako, Desemba 2024, bodi yao ya mambo ya kazi ilifungua kesi ikisema washiriki wa Love Is Blind, kipindi cha kutafuta wachumba, ni wafanyakazi pia na wanapaswa kuwa na haki za wafanyakazi.

Hapa kwetu tuna Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019, inasema mtu akikubali data yake itumike anaweza pia kuiondoa hiyo idhini, na sura yako na sauti yako ni data. Si sheria ya kukaa kabatini. Septemba 2023 ofisi ya kamishna wa data ilipiga klabu moja ya hapa Nairobi faini ya shilingi 1,850,000 kwa kuweka picha ya mteja mtandaoni bila idhini yake, na shule moja ya Uthiru ikapigwa 4,550,000 kwa kuweka picha za watoto bila wazazi kukubali. Kwa hivyo aliyekuja kujiburudisha analindwa. Aliye kazini naye? Hiyo sheria imeacha mlango kwa uandishi wa habari, fasihi na sanaa, na watu wa vipindi watasimama hapo hapo mlangoni, halafu watakuonyesha na saini yako. Sheria ya Ajira ya 2007 nayo inasema mkataba wa kazi wa miezi mitatu na zaidi uandikwe, na kama mfanyakazi haelewi lugha iliyotumika mwajiri amwelezee kwa lugha anayoielewa. Tungekuwa tunahesabiwa wafanyakazi wa kile kipindi, yule produsa hangecheka nilipomuuliza milele ni mpaka lini.

Watasema hakuna bajeti. Hii nimeisikia mpaka masikio yameota sugu. Dereva wa van alilipwa. Mwenye drone alilipwa. Mama wa kibanda aliyewaletea chapo na madondo alilipwa hapo hapo kwa M-Pesa. Kwa drama hata ekstra, mtu anayepita tu nyuma akijifanya anaongea na simu, anapewa kitu cha siku. Sisi ambao kipindi kilikuwa juu yetu ndio pekee tuliotoka na soda na nauli, na bado wakatupigia makofi ati tuna bahati. Na najua maprodusa wadogo wenyewe wanalipwa na steisheni kwa kuchelewa, wengine wameuza magari wakimalizia kipindi, nawaonea huruma kabisa, lakini hiyo ni ya kukaa na steisheni waimalize, si ya kutolewa kwa mshahara wa mtu ambaye hata hana.

Kwa hivyo mimi nataka nini. Mtu alipwe kwa siku, angalau kama ekstra. Apewe nakala ya fomu siku ile ile mkononi, si imeili ya kesho. Milele itolewe, iwekwe miaka, hata mitano, ikiisha na bado wanataka kuonyesha waje tuongee tena. Meneja asikubali kwa niaba ya mfanyakazi, yeye akubali jengo lake tu. Na kabla ya kwenda hewani mtu aonyeshwe kile kinachomhusu, si ati achague picha nzuri za sura yake, hapana, ni ili kama supu si yake aseme supu si yangu. Hilo la mwisho najua watalikataa kabisa, na kidogo nawaelewa, kila mtu akianza kujikatia kipindi hakitaisha. Lakini kosa la ukweli juu ya kazi ya mtu ni kitu kingine.

Na wewe kijana ambaye umeitwa wiki hii na unaenda, maana najua utaenda, piga fomu picha na simu kabla hujairudisha. Mahali wameandika milele kata kwa kalamu, andika miaka, weka herufi za jina lako pembeni, akikataa angalau mmeshaanza kuongea bei. Ukikaa kwa kile kiti usitoe sentensi ya kuelea. Usiseme niliogopa, sema ile asubuhi ya mvua nilipochelewa kwa sababu ya jam niliogopa, yote kwa pumzi moja, hiyo ni ngumu kuihamisha. Na kuna ujanja nilionong'onezewa na yule yule mtu wa sauti: ukiropoka kitu na hutaki kitumike, anza kuimba wimbo unaojulikana hapo hapo juu ya maneno yako, kwa sababu watahitaji kulipia haki za huo wimbo na hakuna produsa wa Nairobi atakubali kutoa hiyo pesa. Mimi nilielezwa hayo tukiwa tumeshamaliza, niko kwa parking nakula chapo.

Mhariri, ombi langu kwenu ni moja. Kama kuna wakili anayesoma gazeti hili na anaweza kukaa chini aandike fomu fupi ya Kiswahili, ukurasa mmoja, ya mtu anayerekodiwa akiwa kazini, tafadhali ichapisheni kwa huu ukurasa wa barua. Watu waikate, waikunje, wakae nayo kwa mfuko. Nakala ya kwanza nitainunua mimi nimpelekee kijana mmoja wa hapa Umoja anayerekebisha simu, ameniambia wanakuja kumrekodi Jumatatu.

Mpishi,
Umoja, Nairobi